Siti, Bi Kidude na Ile Ngoma Imekataa Kufa: Venye Filamu na Jukwaa Huokoa Sauti za Wamama

Skiza hii stori kwanza, halafu uniambie ni ya mwaka gani.

Dem anatoka Dar es Salaam, anavuka bahari kwenda Zanzibar kutembea. Jamaa mmoja wa huko anamwambia watoke usiku, kuna raha, kuna chupa. Dem harudi. Ameuawa, na alikuwa na mimba. Jamaa anahepa, anavuka maji kwenda bara, hashikwi. Kesi inafika kortini, na wenye wanafungwa ni wanawake waliokuja kutoa ushahidi. Kosa lao? Ati wao ndio walinunua hiyo pombe.

Najua umeshasema ni ya juzi. Umekumbuka zile habari za nyumba za kukodisha za usiku mmoja, na tarehe 27 Januari 2024, siku maelfu ya watu walijaa Jeevanjee wakiandamana ju wasichana walikuwa wanauawa na watu mtandaoni wanauliza, "Lakini alikuwa anafuata nini huko?"

Zii, buda. Hiyo stori ni ya wakati wa mkoloni, karibu miaka mia imepita. Huyo jamaa anaitwa Kijiti, na "Kijiti" ndilo jina la ngoma yenye inasimulia hayo yote. Faili ya hiyo kesi mimi na wewe hatujawahi kuishika. Tunaijua ju kuna mwanamke aliiimba, mwingine akaipokea, kamera ikamfuata huyo wa pili, halafu wa tatu akaipandisha tena jukwaani akiwa na bendi ya kisasa.

Leo nataka nikueleze hiyo mnyororo inafanya kazi aje, na kwa nini inakuhusu wewe uliye Kibera ama Kangware, na simu yenye kioo kimepasuka.

Wa kwanza: Siti

Siti binti Saad alizaliwa kijiji cha Fumba, Unguja, kama mwaka wa 1880. Jina lake la kwanza lilikuwa Mtumwa. Ndio, hivyo tu, ju familia yao ilitoka kwa utumwa. Kazi yao ilikuwa vyungu: kufinyanga, kubeba, kuuza. Siti alikuwa anatembeza vyungu akiita wateja kwa sauti, na hiyo sauti ndiyo ilifanya watu wageuke. Hasola kabisa. Ukitaka kumwona leo, simama Toi asubuhi uskize venye wamama wanaita wateja.

Mwaka wa 1911 hivi akahamia mjini. Sasa elewa kitu moja. Taarabu wakati huo ilikuwa muziki wa ikulu ya Sultani na wanaume wa tabaka la juu, na lugha yake ilikuwa Kiarabu. Mama wa vyungu kutoka Fumba hakuwa na nafasi hapo. Siti akaingia na bendi yake, akaimba kwa Kiswahili, na akaimba mambo ya watu wa kawaida: mahakimu wanaohongwa, matajiri wanaonyonya, wanaume wanaoumiza wanawake. Watu wa Ng'ambo, ule mtaa wa maskini wa Zanzibar, walikuwa wanaskiza ngoma zake venye wewe unaskiza habari.

Mwaka wa 1928 akapanda meli kwenda Bombay, India, kurekodi na kampuni ya HMV. Ndiye anatajwa kama mwanamke wa kwanza Afrika Mashariki sauti yake kuwekwa kwa santuri. Zile santuri zikavuma pwani yote hadi bara. Na Shaaban Robert, yule ulisoma vitabu vyake shuleni kwa lazima, alimwandikia kitabu kizima, *Wasifu wa Siti binti Saad*.

Siti alikufa 1950. Santuri zikabaki, lakini santuri huvunjika, hupotea, huokwa na jua. Na pia kuna kitu santuri haiwezi kushika: uso, mkono, jasho. Sauti ilibaki, mtu mwenyewe akaenda.

Wa pili: Bi Kidude, na hapo ndipo kamera inaingia

Fatuma binti Baraka, Bi Kidude kwa watu wote, alizaliwa Zanzibar mwanzo wa karne iliyopita. Mwaka kamili hakuna mtu alijua. Yeye mwenyewe alikuwa anahesabu umri wake kwa pesa: enzi zile rupia ilikuwa bado inatumika. Alijifunza kuimba kwa kumskiza Siti. Akiwa msichana mdogo alihepa ndoa ya kulazimishwa, akazunguka bara akiimba, akarudi nyumbani, akaishi kwa kuuza hina na wanja, na kufundisha wasichana kwa unyago, ile shule ya jando ya kike.

Huyu mama alikuwa noma. Alivuta sigara mbele ya watu, alipiga ngoma kubwa ya msondo akiwa amesimama, na alipanda jukwaa akiwa na miaka yenye watu wengine wanakuwa tu picha ukutani. Mwaka wa 2005 akapewa tuzo kubwa ya WOMEX huko Ulaya. Alizipokea ngoma za Siti na akaendelea kuziimba, "Kijiti" ikiwa moja yazo.

Halafu mtengenezaji filamu Muingereza, Andy Jones, akamfuata na kamera. Filamu ikatoka 2006, *As Old as My Tongue*, na hilo jina linatoka kwa jibu la Bi Kidude mwenyewe akiulizwa ana miaka mingapi: ati umri wake ni sawa na wa ulimi wake. Ukiicheki hiyo filamu unaona kitu santuri ya Bombay haingeweza kukupa. Unaona venye anashika pumzi kabla ya neno zito. Unaona yule mama wa jukwaa la Ulaya akirudi kwa nyumba yake ndogo Zanzibar, akiwa na sigara na stori.

Mwaka wa 2012 habari zikatoka kwamba Bi Kidude ametoweka nyumbani kwake. Andy Jones akarudi Zanzibar kumtafuta, na hiyo safari ikawa filamu ya pili, *I Shot Bi Kidude*, ya 2015. Yenyewe alikuwa ameshafariki, 17 Aprili 2013. Hiyo filamu ya pili inauma ju inauliza swali ngumu: dunia nzima ilikuwa inapenda sauti ya huyu mama, lakini nani alikuwa anamwangalia yeye?

Wa tatu: kitukuu anashika maiki

Sasa mtu anaweza sema, "Si filamu iko, imeisha, tumeokoa." Bado. Filamu huweka mtu venye alikuwa. Haiwezi kuimba kesho.

Hapo ndipo jukwaa linakuja. Mwaka wa 2020 ilitoka albamu inaitwa *Siti of Unguja*. Mwimbaji ni Siti Muharam, kitukuu wa Siti binti Saad. Damu moja, jina moja, ngoma zilezile, "Kijiti" ikiwemo, lakini na mdundo mzito wa kisasa wenye ukiuweka kwa mat hakuna mtu ataomba ibadilishwe.

Hesabu na mimi. Dem aliuawa. Wakubwa wakafunga mashahidi. Siti akaimba. Bi Kidude akaibeba hadi karne ya ishirini na moja, mbele ya kamera. Kitukuu wa Siti akairudisha 2020. Korti ilitaka hao wanawake wanyamaze, na miaka karibu mia baadaye wewe unasoma hii stori kwa simu ukiwa kwa foleni ya maji. Kijiti alihepa polisi, lakini ngoma haijamwacha.

Form ni hiyo. Filamu inashika mwili na uso. Jukwaa linapea wimbo mdomo mpya. Ukiwa na moja bila nyingine, kuna kitu kinapotea.

Hata Brazil wamefanya hivyo

Usidhani hii ni stori ya Zanzibar pekee. Brazil kulikuwa na Elza Soares, alizaliwa 1930 kwa mtaa wa mabanda wa Rio de Janeiro. Wao huita favela, wewe ungeita Gatwekera na usingekosea sana. Aliozwa akiwa na miaka 12 hivi, na akawa mama akiwa bado mtoto. Akaenda shindano la kuimba la redio akiwa na nguo ya kuazima iliyobanwa na pini, ju mtoto wake alikuwa mgonjwa na doh hakuna. Watu ukumbini wakamcheka. Mtangazaji akamuuliza ametoka sayari gani. Akamjibu ametoka sayari ya njaa. Wakanyamaza, akaimba, akashinda.

Mwaka wa 2015, akiwa na miaka themanini na kitu, Elza akatoa albamu na wanamuziki vijana wa São Paulo. Kwa hiyo albamu kuna ngoma ya mwanamke mwenye anamwambia mwanaume anayempiga kwamba atapiga simu 180. Hiyo ni laini ya kweli ya Brazil ya kuripoti dhuluma kwa wanawake. Yetu Kenya ni 1195, na ni bure kupiga.

Elza pia alipata vyote viwili: filamu kuhusu maisha yake ilitoka 2014, na 2018 wasanii saba wa kike, wote weusi, wakaigiza na kuimba maisha yake kwa tamthilia inaitwa *Elza*. Alikuwa bado hai, akajiona mara saba jukwaani. Alifariki Januari 2022 akiwa na miaka 91. Mpeane maua mtu akiwa ananusa, wahenga wa TikTok husema, na hapo kwa kweli hawajakosea.

Rudi mtaani sasa

Ukishuka Makina siku kuna harusi ya Wanubi utaskia doluka kabla uione: ngoma, makofi, na wamama wamevaa gurbaba wakiimba kwa Kinubi. Hao ndio wa kwanza kukaa Kibera. Hata jina lenyewe ni lao, Kibra, maana yake msitu. Kwa zile nyimbo kuna stori za wanajeshi walioletwa na mkoloni kutoka Sudan, na za ndoa, na za ardhi. Ni wangapi kati ya mayut wa Kibera wanaweza kuimba moja hadi mwisho?

Panda 46 uende Kangware. Waluhya wamejaa huko, na ikifika matanga ama harusi, isukuti inapigwa hadi mabati yanatetemeka. Hiyo isukuti ya Waisukha na Waidakho UNESCO iliiandika 2014 kwa orodha ya mila zinazohitaji kuokolewa haraka. Haraka, wasee. Kitu yenye wewe umezoea kuskia Jumamosi hadi unafunga dirisha, dunia imesema inaweza kupotea.

Na kuna watu wameshaanza kazi. Hapa Nairobi, Ketebul Music ya Tabu Osusa imekuwa ikirekodi muziki wa zamani kwa sauti na vidio, na kwa mradi wa Singing Wells wanabeba studio hadi kijijini badala ya kungoja mama wa kijiji apate nauli ya kuja studio. Moja wa wale walirekodiwa ni Ogoya Nengo kutoka Rang'ala, Siaya, malkia wa dodo. 2014 albamu yake *Rang'ala* ikatolewa Uingereza, na mama wa Siaya akaenda kuimba Ulaya. Kibera nako kuna Kibera Film School ya Hot Sun Foundation, mahali mayut wa mtaa wamejifunza kushika kamera. Kwa hivyo usiniambie filamu ni ya wenye wako na doh za kuchezea.

Makosa yangu mimi mwenyewe

Sasa wacha nikiri. Mimi niliacha kole mwaka wa pili karo ilipokata, nikaanza kuandika na kuposti vidio. Kuna mathe anauza omena mtaani kwetu Kangware, na kila matanga anaitwa kuongoza wimbo. Siku moja nikamrekodi kwa matanga ya msichana wa ploti moja hapo karibu. Nikaposti. Klipu ikavuma, watu wakadensi nayo, mimi nikapata wafuasi.

Wiki mbili baadaye mathe akaniita. Mtu alikuwa amemwonyesha klipu. Nilidhani ataniuliza doh, na kwa kweli aliuliza. Lakini kitu cha kwanza aliuliza ni mbona nilikata.

Ju nilikuwa nimekata. Wimbo ulikuwa dakika sita, mimi nikabakisha sekunde arobaini zenye makofi na ngoma. Kwa zile dakika nilitupa, mathe alikuwa anataja jina la yule msichana, na nyumba alitoka, na venye alipatikana, na mlango gani haukufunguliwa akipiga nduru. Yaani ile "Kijiti" yetu ilikuwa kwa simu yangu, na mimi nikaitoa ju ilikuwa inaboesha.

Hapo ndipo nilianza kusoma kuhusu Siti.

Ukitaka kuanza, fanya hivi

*Omba ruhusa kabla, si baadaye.* Hii si tabia nzuri tu, ni sheria. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 inampa mwenye anaimba haki: huwezi kumrekodi akiimba na kusambaza bila yeye kukubali, na hiyo haki inakaa miaka 50. Na kwa nyimbo za jamii nzima, kama doluka ama isukuti, kuna sheria ya 2016 ya kulinda maarifa na sanaa za jadi. Jamii yenyewe ina sauti. Kwa hivyo bonga na wazee na wamama wa hapo.

*Mwambie nani atakula.* Klipu ikileta kitu, mnagawana aje? Sema kabla kamera iwake. Andikeni hata kwa karatasi ya daftari, kila mtu abaki na yake. Na kama hutarajii kupata chochote, mwambie hivyo pia, halafu usiende mikono mitupu. Amekupa saa yake ya kazi.

*Rekodi wimbo wote.* Hata kama utaposti sekunde thelathini, weka nzima mahali salama, nakala mbili, na moja iwe kwa mtu mwingine. Simu huibwa, unajua hii Nairobi.

*Sauti kwanza, picha baadaye.* Picha mbaya watu huvumilia, lakini sauti mbaya haiponi. Sogea karibu, tafuta pahali mat haipigi honi, na kama una simu mbili, weka moja karibu na mdomo wake na nyingine ishike uso.

*Uliza maana.* Wimbo ukiisha, usizime. Uliza nani aliutunga, alimwimbia nani, neno hilo gumu maana yake nini. Hapo ndipo stori iko.

*Taja jina lake venye anataka litajwe.* Wengine wanataka jina kamili, wengine la utani, wengine hawataki kabisa. Na kama wimbo unataja mtu aliyeumizwa, uliza familia yake kabla uweke hadharani. Kutunza si lazima iwe kuposti.

*Halafu uimbe.* Hii ndiyo watu husahau. Kama wewe ni msanii, muombe akufundishe, usichukue tu sauti yake ukaweka kwa biti. Siti Muharam hakubandika santuri ya babu zake. Alifungua mdomo wake mwenyewe.

Kabla niende

Nilirudi kwa yule mathe. Ile rekodi nzima nilikuwa nayo bado, bahati tu, sikuwa nimefuta. Nikampelekea sehemu yake ya doh, si nyingi, na nikatoa ile klipu niliyokata. Akanipa kiti, akaweka omena pembeni, tukaskiza dakika zote sita na mama wa yule msichana akiwa amekaa hapo. Hakuna mtu alidensi.

Mama wa msichana akaomba imtumiwe. Nikamtumia. Kwa sasa hiyo rekodi iko kwa simu tatu na haiko mtandaoni, ju ndivyo alitaka. Lakini mathe wa omena ameanza kumfundisha binti wa kaka yake ule wimbo, na safari hii ameniambia nikuje na kamera, na nikuje na betri imejaa.